Supu ya Tambi ya Mjomba Akida

Jumamosi Tabu hakuwa na shule, lakini hilo halikumpa ruhusa ya kuchelewa kuamka. Bibi yake, Bibi Chausiku, alikuwa na desturi ya kufagia uwanja mapema, tena chini ya dirisha la mjukuu wake, na kwa kelele za makusudi. Kwa hiyo jua lilipochomoza Tabu alikuwa amekwisha chota maji bombani, ameosha vyombo na kunyunyiza maji mlangoni ili vumbi litulie. Ilikuwa Oktoba, mwaka 1976. Mji wa Shinyanga ulikuwa umekauka, na ng'ombe waliopita mtaa wa Ngokolo kwenda mnadani waliacha vumbi lililoingia hadi kwenye kopo la sukari.

Tabu alikuwa na umri wa miaka kumi na miwili. Wazazi wake walikuwa Geita, ambako baba yake alichimba dhahabu, nao walimwacha kwa bibi ili asome bila kuhamahama. Nyumba ile ilikuwa ya kimya mpaka aliporudi Mjomba Akida, mtoto wa mwisho wa Bibi. Mjomba alikuwa amefanya kazi ya upishi melini kwa miaka mingi. Alirudi na sanduku la bati, kisu kirefu kinachong'aa, na hadithi zisizokwisha za vyakula vya watu wa mbali.

"Leo ndiyo leo," alisema Mjomba asubuhi ile, akitoa sandukuni pakiti ya tambi nyeupe na pana kama utepe. "Hizi ni tambi za mchele, nilizinunua Bangkok, katika nchi ya Thailand. Jioni nitawapikia supu yao. Supu ya nyama ya ng'ombe, yenye tambi na pilipili."

Bibi Chausiku alikunja uso. "Tambi na pilipili? Tambi ni za sukari na iliki, Akida. Huko melini walikuharibu."

"Mama, utafuturu kwayo, kisha utaniambia."

Bibi alikuwa amefunga. Ramadhani ilikuwa imekwisha, lakini yeye kila mwaka huongeza zile siku sita za Mfunguo Mosi, na leo ilikuwa ya sita. Alikubali kwa kichwa, ingawa midomo yake ilikuwa bado inakataa. Kisha akafunga pesa kwenye ncha ya kanga ya Tabu.

"Nenda bucha kwa Mzee Sabiti, uchukue mbavu na mifupa ya supu. Nenda mapema, Jumamosi nyama huwahi kwisha. Na usichukue kwingine. Mimi sili nyama ambayo simjui aliyeichinja."

"Ndiyo, Bibi."

Tabu angefika bucha mapema kama njia isingepita karibu na uwanja wa shule. Pale alikuta wasichana wa darasa lake wakicheza rede, na upande mmoja ulikuwa umepungukiwa mtu. "Tabu! Mara moja tu!" walimwita. Mara moja ikawa mara mbili. Tabu alikuwa hodari wa kukwepa mpira, na mtu hodari hapendi kuondoka wakati anashangiliwa. Alipokumbuka nyama, kivuli chake kilikuwa kimefupika miguuni. Alitimua mbio hadi sokoni, lakini alimkuta Mzee Sabiti akiosha gogo lake la kukatia nyama.

"Imekwisha, mjukuu wangu. Hata utumbo umekwisha."

Tabu alitaka kulia. Akilini alimwona bibi yake akifuturu kwa uji mtupu, na Mjomba akirudisha tambi zake sandukuni. Akarudi polepole, akipitia nyuma ya nyumba za Ngokolo. Ndipo alipoona moshi na watu wengi nyumbani kwa rafiki yake Mbuke. Baba yake Mbuke, Mzee Maduhu, alikuwa mfugaji kutoka Kishapu aliyehamia mjini, na siku ile mtoto wake wa mwisho alikuwa anabatizwa. Ng'ombe alikuwa amechinjwa. Nyama ilikuwa juu ya majani ya migomba, akina mama wakiigawa.

"Mwangaluka, Tabu!" aliita Mama Mbuke kwa Kisukuma, mikono yake imejaa mafuta.

"Mwangaluka, Mama Mbuke. Shikamoo."

"Marahaba. Afadhali umefika! Nilikuwa natafuta mtu wa kumtuma kwenu. Chukua hii, upeleke nyumbani." Akamkabidhi furushi zito lililofungwa kwa jani. Ndani yake mlikuwa na shingo nzima na mbavu.

Tabu alijua kwamba akina Mbuke ni Wakristo. Swali lilikuwa kwenye ncha ya ulimi wake: Mama Mbuke, ng'ombe huyu amechinjwa na nani? Lakini aliogopa jibu. Kama jibu lingekuwa baya, asingekuwa na nyama tena. Kwa hiyo alimeza swali, akasema asante, akaenda zake.

Alimkuta Mjomba bombani akiosha kisu chake kirefu na miguu yake iliyojaa vumbi.

"Umechelewa, mwanamke wa shoka! Hata mimi nilitoka nikarudi kabla yako." Mjomba alifungua furushi, macho yakamtoka kwa furaha. "Shingo! Mzee Sabiti anajua nyama ya supu. Hajambo lakini?"

"Hajambo," alijibu Tabu. Lilikuwa neno dogo, naye alilisema huku akigeukia bomba.

Kazi ikaanza. Mjomba alichemsha mifupa na nyama kwenye sufuria kubwa, akamwonyesha Tabu jinsi ya kuengua povu mpaka mchuzi utakate. Akachoma juu ya makaa kitunguu na kipande cha tangawizi hadi vikaungua ngozi, akavitumbukiza. Akaongeza mdalasini, karafuu, na mabua ya mchaichai aliyoyapondaponda kwa mgongo wa kisu.

"Mchaichai si wa chai?" aliuliza Tabu.

"Kule ni wa supu. Na badala ya chumvi tupu wao hutia maji ya samaki walioozeshwa kwa chumvi."

"Astaghfirullahi!" Sauti ya Bibi ilitoka chumbani.

"Usihofu, Mama, sisi tutatia dagaa wa Mwanza waliosagwa!"

Tabu alitwanga kwenye kinu kitunguu saumu, mizizi ya giligilani na pilipili kavu. Alikoroga ukwaju kwa ajili ya uchachu. Siku nyingine angefurahia kazi hii na kuuliza maswali mia. Leo kila harufu ilipozidi kuwa tamu, moyo wake ulizidi kuwa mzito. Alasiri nyama ilikuwa laini kiasi cha kuachana na mfupa, na Mjomba akachota mnofu kwa kijiko.

"Onja, mpishi msaidizi."

"Nimeshiba, Mjomba."

"Umeshiba? Wewe? Tabu niliyemwona akila ukoko uliobaki chini ya sufuria?" Mjomba alicheka, lakini akamtazama kwa muda kidogo. Kisha akaula mnofu ule mwenyewe, naye Tabu akageuza uso asimwone akitafuna.

Jua lilitua. Adhana ya Magharibi ikasikika kutoka msikitini, na Bibi Chausiku akafungua saumu kwa tende na maji. Akasali. Aliporudi mkekani, bakuli lilikuwa linamngoja. Tambi pana zililala chini, nyama juu yake, na mchuzi mwekundu ukafunika vyote. Majani ya giligilani yalielea juu pamoja na vipande vya kitunguu, na kando kulikuwa na kipande cha ndimu. Hata Bibi alishindwa kuficha kwamba mate yanamtoka.

"Haya, tuone vituko vya Bangkok," alisema. "Bismillahi."

Akainua kijiko. Tabu aliangalia mkono ule wenye mikunjo, mkono uliomwogesha na kumtibu surua, nao umekaa siku sita bila kupeleka kitu mdomoni tangu alfajiri hadi jioni. Kijiko kikafika kidevuni.

"Bibi, usile!"

Kijiko kilisimama. Mjomba aliyekuwa anakamua ndimu aligeuka.

"Usile, Bibi. Hiyo nyama si ya bucha." Machozi yalikuwa yamekwisha anza. "Nilicheza rede, nikakuta nyama imekwisha. Nimepewa na Mama Mbuke, walichinja ng'ombe wa ubatizo. Na pesa zako hizi hapa." Alihangaika na fundo la kanga, lakini likakataa kufunguka.

Bibi alirudisha kijiko bakulini taratibu. "Uliwauliza nani aliyechinja?"

"Sikuuliza."

"Kwa nini hukuuliza?"

"Niliogopa wataniambia."

Tabu alitazama mkeka. Alingoja makofi. Ndipo alipomsikia Mjomba akisema kwa sauti ya ajabu kidogo:

"Mama Mbuke yupi? Wa kwa Mzee Maduhu?"

"Ndiyo, Mjomba."

"Ng'ombe mwekundu? Pembe moja imevunjika?"

Tabu aliinua kichwa. "Pembe niliiona pale chini. Ndiyo, ilikuwa imevunjika. Umejuaje?"

Mjomba Akida aliweka ndimu chini, akajishika mbavu, akaanza kucheka. Alicheka mpaka akaegemea ukuta. "Nimejuaje! Ng'ombe yule nimemchinja mimi! Kwa kisu hiki hiki!"

"Wewe?" aliuliza Bibi.

"Mimi, Mama. Ulikuwa umejilaza. Tabu alipokwenda bucha, Mzee Maduhu alikuja mbio kuniita. Maalimu anayewachinjia kila siku amesafiri kwenda Isaka, na Mzee Maduhu ana wageni Waislamu. Yule mzee tangu aje mjini hajawahi kuchinja bila kumwita Mwislamu, ili jirani yeyote atakayekuja ale bila shaka. Nikaenda. Sikungoja wachune, nilikuwa nawahi supu yangu."

"Na mchinjaji ana mgao wake," alisema Bibi polepole. "Shingo."

"Shingo na mbavu! Ndiyo maana Mama Mbuke alikuwa anatafuta mtu wa kumtuma huku. Tabu, umebeba mgao wangu mwenyewe kutwa nzima kama mwizi!"

"Ulisoma bismillahi?" Bibi hakuwa mtu wa kuacha jambo nusu.

"Na Allahu Akbar juu yake, Mama."

Bibi alivuta pumzi ndefu. Kisha akachukua kijiko, akanywa mchuzi. Machozi yakamtoka, pua ikamtiririka, akapiga goti kwa kiganja. "Pilipili hii ina wazimu!" alisema, akachota tena. Tabu alicheka na kulia kwa pamoja. Kwa mara ya kwanza tangu mchana aligundua kwamba ana njaa kali.

Mjomba alimjazia bakuli, naye akala mpaka jasho likamtoka puani. Walipomaliza, Bibi alimwita akae karibu.

"Mjukuu wangu, umefurahi?"

"Sana, Bibi."

"Furahi. Lakini usidhani kwamba mambo yamekwenda vizuri. Ulicheza ukasahau ulichotumwa, hilo ni kosa la mtoto. Mjomba wako alipokuuliza habari za Mzee Sabiti ukamdanganya, hilo ni kubwa zaidi. Nyama ilikuwa halali tangu mwanzo, wewe ndiye uliyeifanya ionekane haramu kwa kuificha. Ungemuuliza Mama Mbuke neno moja tu, angekucheka na kukuambia, nawe ungerudi hapa unaimba. Kuuliza si ujinga, Tabu. Jibu baya tungelijua mapema, tungekula uji, na uji haujamuua mtu."

"Nisamehe, Bibi. Na wewe Mjomba, nisamehe."

"Nimekusamehe ulipozuia kijiko changu," alisema Bibi. "Ulijua utaaibika, na bado ukapiga kelele. Mtu anayeweza kufanya hivyo naweza kula kwenye mkono wake."

Bibi aliinuka, akajaza bakuli la udongo kwa supu na tambi, akalifunika kwa sahani. "Mpelekee Mama Mbuke kabla halijapoa. Mwambie ukweli wote, asije akadhani nyumba hii haimwamini jirani. Na umwonye kuhusu pilipili."

Tabu aliinama achukue bakuli. Ndipo Bibi alipoona fundo la kanga, bado limefungwa na pesa zimo ndani. Tabu alinyoosha mkono kumrudishia, lakini Bibi alilikaza fundo lile kwa vidole vyake.

"Ziache hapo hapo. Kesho utakwenda tena bucha, kwa Mzee Sabiti. Wewe mwenyewe."