Nilisema Tusiwaonye Watu wa Ng'ambo

Mimi ni mwalimu mstaafu wa miaka sitini na minne, naishi Kibiti. Haya ninayowaandikia, wasomaji wenzangu, hata mke wangu hayajui!

Soko huria lilipoingia nilikuwa nafundisha historia kule kwetu Mbwera, kwenye delta ya Rufiji. Wanunuzi wa kamba wa majini wakaanza kuja na barafu zao, na kijito kilichotulisha sote kikazusha vita kati yetu na wenzetu wa ng'ambo ya kijito. Nyavu zikachanwa, mitumbwi ikatobolewa, mwisho mtu akakatwa panga...

Wazee wakaita kikao. Mmoja alikuwa na chupa za sumu ya wadudu wa pamba. Imwagwe mara moja tu upande wao, kamba wafe, wanunuzi wawakimbie. Wote wakanigeukia mimi, msomi wao!

Wiki hiyohiyo nilikuwa nimewafundisha darasa la saba kwamba bomu la atomiki lililoangushwa Japani lilimaliza vita na kuokoa maisha. Nikarudia somo lilelile kikaoni, kichwa kimenivimba kwa jinsi walivyonisikiliza.

Mzee Kibwana peke yake aliuliza, "Mwalimu, hatuwaonyi kwanza? Ng'ambo kuna watoto, na dada'ko yuko kulekule."

Nikamjibu, "Tukiwaonya, watajiandaa."

Dada yangu Mwanahawa, aliyenilea mgongoni! Nilijua ameolewa ng'ambo, na hata yeye sikumwonya.

Sumu ikamwagwa alfajiri. Kulipokucha samaki walikuwa wanaelea, wengine wangali wanapumua. Mwanahawa akadhani ni riziki, akawazoa. Na kwetu binti aliyeolewa akipata kitoweo kizuri, fungu la kwanza ni la mama. Kabla hajabandika chungu chake, akamtuma mtu avuke nalo kwa mama, aliyekuwa akiishi nami...

Niliporudi kutoka shuleni nilikuta sufuria tupu, mama anatapika. "Usimgombeze dada'ko," akaniambia. "Kaniletea kwa mapenzi."

Tulimpakia botini kumpeleka hospitali. Hatukufika hata gati la Nyamisati, akakata roho. Ng'ambo nako walizika watoto wawili waliokula samaki walewale; Mwanahawa alinusurika kwa kuwa habari zilimfikia chungu kikiwa bado jikoni.

Vita vilikwisha, naam! Nani angekuwa na nguvu ya kugombana?

Tangu siku ile Mwanahawa hali samaki. Husema yeye ndiye aliyemuua mama. Nami miaka yote hii namfariji, eti ni kudra ya Mungu! Mimi ni mtu gani?

Nawasihi, akitokea mtu kikaoni akauliza kama waonywe kwanza, msimnyamazishe. Mimi nilimnyamazisha, nikamzika mama yangu.

Dada yangu hajui kusoma. Gazeti hili likitoka, nitavuka mwenyewe nikamsomee.