Mablanketi Kumi na Manane

Mimi na mume wangu tunafanya kazi katika chumba cha kufulia cha hoteli. Yeye anaendesha mashine, mimi napiga pasi. Msimamizi wetu ni mama mgeni kutoka mbali, tunamwita Madamu. Hajui Kiswahili. Anaongea Kiingereza, tena mbiombio.

Tulikuwa na desturi yetu. Madamu akitoa maagizo, wote tunaitikia, "Yes, Madamu!" Akitoka tu, tunakimbilia nyuma ya mashine ya kukausha na kuulizana, "Kasemaje?" Mkutano huo tuliuita bunge. Mimi ndiye niliyesoma kuliko wenzangu, kwa hiyo neno langu lilikuwa la mwisho.

Jumanne moja Madamu alileta mablanketi ya sufu, mapya kabisa, kumi na manane. Akasema, akanyoosha kidole, akasema tena. "Yes, Madamu!" Bungeni nikatoa hukumu: maji ya moto. Jioni mablanketi yakatoka na saizi ya taulo la kitoto kichanga.

Kesho yake mume wangu akapewa barua. Ijumaa aende ofisini kujieleza, na maelezo yake ayaandike. Asiporidhisha, kazi hana.

Jamani, nilikasirika! Nilimkasirikia Madamu, nikaikasirikia hata sufu yenyewe. Nyumbani nikamshukia mume wangu. "Kwa nini hukusema tulikuwa wengi? Umenyamaza tu kama gogo!"

Alhamisi jioni nilimkuta jikoni, simu mkononi, anajifunza Kiingereza kwa video za wanamuziki.

"Sikiliza, mke wangu," akasema. "Hey yo, what's up, Madamu! My bad!"

"Ndiyo nini hiyo?"

"Ndiyo kuomba radhi. Vijana wote wanasema hivyo."

Nikabamiza sufuria mezani. "Kesho unakwenda kutetea kazi au unakwenda disko?"

Mlango ukagongwa. Alikuwa jirani yetu, nesi. "Hodi! Nimetoka zamu nataka kulala, na kelele zenu zimefika mpaka kitandani kwangu. Kuna nini?"

Tukamweleza. Akaketi, akaisoma karatasi ya mume wangu. Mstari wa kwanza ulisema, "I am gonna explain."

"Shemeji," akasema, "wewe ukienda kwa mama mkwe wako, unamsalimia 'mambo vipi, mshikaji'?"

"Thubutu! Atanitimua."

"Basi Kiingereza nacho kina heshima zake. 'What's up' na 'my bad' ni maneno ya kijiweni. Si matusi, ila yana mahali pake. Kwa bosi sema 'Good morning'. Ukiomba radhi sema 'I am sorry'. Na hii 'gonna' ni ya mdomoni, ukiongea na rafiki. Kwenye barua andika 'going to'."

Mume wangu akafuta, akaandika upya.

"Lakini si hayo yaliyoharibu mablanketi," nesi akaendelea. "Mlielewa alichosema?"

"Hapana," mume wangu akajibu.

"Mkamjibu nini?"

"Yes."

Nesi naye akapandwa na hasira. "Yes ya nini sasa? Daktari akinitajia dawa, nisielewe, halafu niseme yes, si nitaua mtu? Mimi nasema, 'Sorry, I don't understand. Please say it again slowly.' Kisha narudia nilichosikia, aniambie ndivyo au sivyo. Nina miaka ishirini kazini na sioni aibu. Haya, nani aliwaambia maji ya moto?"

"Ni mimi," mume wangu akasema, macho chini.

Uso wangu ukawaka. Siku mbili namgombeza mwanamume huyu, na siku mbili ananificha!

"Mwongo," nikasema. "Ni mimi. Nilielewa neno moja tu, mablanketi. Niliona haya kusema sijui, nikatunga." Nikaanza kulia kwa hasira, na safari hii nilijua nimemkasirikia nani.

Ijumaa tuliingia ofisini wawili. Mimi nikatangulia kusema. "Good morning, Madamu. I am sorry. I did not understand. I said yes."

Madamu akatuonyesha viti. Kisha akaongea polepole, nikaelewa karibu yote. Aliagiza maji ya baridi. Halafu akasema kwao pia Kiingereza ni lugha ya kujifunza, naye alijifunza akiwa mtu mzima. Miezi saba tangu aje alidhani tunamwelewa, kwa sababu hakuna aliyewahi kumuuliza. Barua ya mume wangu akaifuta. Mimi nikapewa onyo, na nilistahili.

Bunge limekufa. Sasa Madamu akimaliza kusema, mmoja wetu anarudia maagizo mbele yake. Mwezi wa tatu huu hatujaharibu hata leso.

Jana alikuja mpiga pasi mpya. Madamu akamwelekeza, naye akaitikia haraka, "Yes, Madamu!" Madamu alipogeuka, yule dada akaninong'oneza, "Kasemaje?"

Nikaweka pasi chini. "Muulize mwenyewe! Bado yuko mlangoni, mkimbilie!"

"Naona aibu, dada."

"Hata mimi niliona aibu, na nusura mume wangu afukuzwe kazi. Nenda!"

Akaenda.