Mchumba Aliyetangazwa Ukumbini

Hajazaliwa msemaji wa kumkwamisha yeye. Ndivyo alivyojitapa yule mkalimani, binti mwenye miwani ya fremu nyekundu na mdomo usiojua likizo, kila alipotoka kwenye kibanda cha vioo mwisho wa kikao. Mawaziri wenye kigugumizi, maprofesa wanaoanza sentensi asubuhi na kuimalizia baada ya chakula, wote aliwabeba kwa ulimi wake na kuwatua salama kwenye lugha ya pili. Mwenzake wa kibandani, mzee waliyembatiza Pipi kwa sababu hafanyi kazi bila peremende shavuni, alimsikiliza tu.

"Ipo siku," Pipi alisema.

"Siku hiyo utanipa peremende, mzee wangu."

Basi siku moja, mapumziko ya mkutano wa sera za utamaduni, foleni ya kahawa ikagoma kusogea. Mbele kabisa alisimama mwanamume mrefu, suti ya kijivu imepigwa pasi vizuri, kamba ya kiatu kimoja inaburuza, kijiko mkononi, akiitazama sukari kama vile inamdai jibu.

"Kaka, hiyo sukari haihitaji kutafakariwa," binti alisema.

"Nilikuwa najiuliza kama mtu huiweka kwa kuwa anaipenda, au kwa kuwa ameikuta mezani."

"Na sisi huku nyuma tunajiuliza kama tutazeekea hapa."

Akacheka, akampisha. Kikao kiliporudi, mwenyekiti akamkaribisha mheshimiwa balozi, mwalimu wa zamani wa falsafa, mwandishi wa kitabu kinene ambacho hata dada yake aliishia kwenye shukrani. Nani anasimama? Mtu wa sukari.

Alizungumzia ngoma za kale ambazo jumba moja la makumbusho ng'ambo lilitaka kuzirudisha kwa shangwe na kamera. Wizara ilimtaka asaini haraka. Akagoma hadi wapigaji wa ngoma hizo wapewe viti mezani. "Hakuna wa kuamua mambo ya watu," alisema, "huku wenyewe wamesimama nje ya mlango." Mkalimani husema "mimi" badala ya msemaji, kwa hiyo maneno yale yalimtoka binti kama yake mwenyewe. Akayapenda. Kwa bahati mbaya, akampenda na mwenyewe.

Simu zikaanza.

"Nimekukumbuka, mpenzi, kwa namna ambayo, ukiichunguza kwa undani, haihusiani na muda wala..."

"Fupisha, kipenzi."

"Nimekukumbuka."

"Umeona? Na hujafa."

Yakaenda hivyo mpaka siku ya kusaini mkataba wa ngoma. Binti alivaa gauni la kijani alilolishonesha kwa ajili ya siku hiyo, ingawa kibandani watu humwona kuanzia kidevu kwenda juu tu. Alikuwa na habari yake pia: asubuhi ile ameteuliwa kuwa mkuu wa wakalimani. Alipanga kumwambia jioni.

Mkataba ukasainiwa, wapigaji ngoma wakiwa safu ya mbele. Balozi akashika kipaza sauti, furaha imempanda kichwani, akaiweka karatasi kando.

"Mwezi ujao nahamia ng'ambo, kuliwakilisha taifa kwenye masuala ya utamaduni. Na siendi peke yangu. Naenda na mchumba wangu, ambaye ameshatafutiwa kazi huko."

Mchumba? Nani kamchumbia nani?

"Naenda na mchumba wangu," binti alijisikia akisema kwa sauti yake mwenyewe, "ambaye..."

Ukumbi mzima wajumbe wakagonga-gonga vifaa vya masikioni, wakidhani vimeharibika. Kisha ikaingia sauti nzito ya Pipi ikamalizia. Alipozima kipaza sauti, mzee aliingiza mkono mfukoni. Alimsogezea peremende moja mezani.

Jioni simu ililia.

"Mpenzi, nilitaka kukushtukiza."

"Umefaulu. Nimeshtuka."

"Nimeshaongea na mkubwa wa kule, nafasi yako iko..."

"Ngoma uliziuliza. Mimi hukuniuliza."

"Ngoja nikueleze..."

"Ngoma zimepata kiti mezani, mheshimiwa. Mimi nimepewa kipaza sauti nijitangazie uchumba wangu mwenyewe."

Akakata. Simu zilizofuata hakupokea. Ujumbe mrefu kama sura ya kile kitabu aliujibu kwa neno moja: Fupisha.

Kikao cha mwisho kabla ya balozi kusafiri, zamu ya kusema ikamfikia. Akasimama, akakitazama kibanda.

"Mheshimiwa mwenyekiti, kuna jambo niliamua bila kumuuliza mhusika. Nimelirudisha nilikolitoa. Sina la kuongeza. Nasubiri kusikia."

Akaketi. Wajumbe wakadhani ni ngoma nyingine. Binti aliyatafsiri yote bila kukwama, kisha akamwachia Pipi kazi, akashuka.

Alimkuta kwenye kahawa wakati wa mapumziko, kijiko mkononi.

"Umerudisha nini?"

"Ile kazi waliyokuwekea. Na safari yangu nimewaambia wasubiri kwanza."

"Nimekuwa mkuu wa wakalimani. Siku ile ile."

Kijiko kikashuka. "Hongera. Mbona hukuniambia?"

"Ulikuwa umeshika kipaza sauti."

"Na kama siwezi kuondoka?" binti akaongeza.

"Basi nitakuuliza tufanyeje."

Wakapanga palepale, wamesimama: yeye aende, binti abaki na kibanda chake, likizo zote ziwe za kurudi nyumbani.

"Sasa niulize," binti alisema.

Na mtu yule, ambaye hata salamu zake zilikuwa na utangulizi, akauliza kwa neno moja.

"Nikuoe?"

"Ndiyo," akajibu mkalimani papo hapo, kwa sauti kavu ya kikazi.

Nilikuwa nimeweka nukta hapo, nikajipongeza, Pipi alipoichukua karatasi mkononi mwangu. Hukosi kumwona kwetu siku za Jumapili, na shavu bado limevimba.

"Neno moja?" alisema. "Mimi nilikuwa nyuma yao kwenye foleni, nikingoja sukari. Baba yako alianza na 'kwa kuzingatia mazingira'. Kahawa yangu ilipoa."

"Lakini mama alijibu papo hapo?"

Pipi akatazama jikoni, ambako mama alikuwa ameacha ghafla kuosha vyombo.

"Mama yako alikwama," alisema, akanisogezea peremende.