Nani Aligusa Mwisho?

Kila Jumamosi Kasuku alifungua gereji pamoja na mama yake. Jina hilo alipewa na mjomba kwa sababu ya mdomo wake usio na kituo. Kasuku alifagia, mjomba akapanga spana, na mama, ambaye mtaa mzima ulimwita Fundi, akapokea wateja. Kabla ya kufunua boneti ya gari lolote, Fundi aliuliza swali lile lile: "Nani aligusa mwisho?" Wateja karibu wote walijibu kwamba hakuna aliyegusa. "Basi limejigusa lenyewe," Fundi alisema, akaendelea kuwahoji mpaka akapata jibu.

Asubuhi hiyo aliingia nesi wa zahanati na gari lililokuwa likizimika ovyo. Ndani mlikuwa na sanduku la barafu lenye chanjo za watoto.

"Fundi, kina mama wananisubiri na watoto mgongoni," alisema. "Barafu ikiisha, chanjo zimeharibika."

Fundi aliunganisha kompyuta na gari. Kisha akachomeka ufunguo wa programu, kidude cha ukubwa wa kidole gumba; bila hicho programu ya kupimia magari haifunguki. Kioo cha kompyuta kikaandika: Muda wa ruhusa umekwisha.

"Umekwishaje, na ruhusa ya mwaka tumeilipia juzi tu?" mjomba alishangaa.

Fundi hakupoteza muda kulalamika. Aliuchomoa ufunguo, akaufuta kwa kitambaa kikavu, akauchomeka kwenye tundu jingine. Wapi. Akaizima kompyuta, akaiwasha. Akaifuta programu, akaiweka upya huku jasho likimtiririka. Maneno yakawa yale yale. Nesi alichungulia sanduku. Barafu ilikuwa imeanza kuelea majini.

"Dada, jirani ana programu ya wizi, haidai ufunguo," mjomba alinong'ona.

"Sipimi gari la chanjo kwa kitu cha wizi. Kikinidanganya, huyu nesi atalala njiani. Ufunguo ni mzima, taa yake inawaka. Kuna kitu kimeguswa hapa." Akamkazia mjomba macho. "Jana ulifunga wewe. Nani aligusa mwisho?"

"Si mimi, dada. Haki ya Mungu."

Fundi hakuonekana kuamini. Kasuku aliacha kufagia. Jana jioni aliisogeza mbele tarehe ya kompyuta mwaka mzima, ili mchezo anaoucheza humo umpe nafasi mpya za kucheza bila kusubiri. Kuirudisha alisahau. Aliona aibu, aliogopa sana, lakini mjomba alikuwa akibeba mzigo usio wake na barafu ilizidi kuyeyuka.

"Mama, ni mimi niliyegusa mwisho," alisema, akaeleza yote.

Fundi hakugomba. Alirudisha tarehe, akauchomeka ufunguo tena. Kioo kilisitasita, kisha programu ikafunguka na kuonyesha kwamba umeme haufiki vizuri kwenye pampu ya mafuta. Waya ulikuwa umelegea. Waliukaza, gari likanguruma bila kukatika, na nesi akaondoka chanjo zikiwa bado baridi.

"Siku zote unasema pasipo haja," mjomba alimtania Kasuku, "leo nusura unyamaze penye haja." Kasuku akamwomba radhi.

"Mchezo kwenye kompyuta ya kazi ndio basi," mama alisema. "Ila sikiliza, mwanangu. Kosa lililosemwa lina spana yake. Lililofichwa, tungefungua gari zima tusilione."