Fundi Rangi na Utamu wa Majani

Fundi rangi alipenda mambo mawili: kupaka dari, na chai ya vijiko vinne vya sukari. Asubuhi moja alikanyaga ngazi, ikalia kwaa! Wenzake walicheka. Msimamizi wa kazi hakucheka.

"Fundi, ngazi hii inabeba kilo mia. Wewe na kopo lako mmezidi. Kuanzia leo utapaka kuta za chini tu."

Kuta za chini! Mtu aliyepaka dari miaka ishirini! Alirudi nyumbani moyo unamuuma. Alitaka kurudi juu kwa vyovyote vile.

"Baba watoto, hiyo yako ni chai au asali?" mkewe alimuuliza. "Acha sukari."

Basi wakanunua stivia, unga mtamu unaotokana na majani ya mmea. Ncha ya kijiko ilitosha kikombe kizima. Sasa sikia makosa ya fundi. Yeye kazini huondoa rangi kavu kwa dawa. Akiongeza dawa, rangi inatoka upesi. Akadhani stivia nayo ni dawa ya kutoa mafuta mwilini. Badala ya vikombe viwili, akanywa sita kwa siku. Na chai tupu nani anaiweza? Kila kikombe kilikwenda na mkate wenye siagi nene.

Baada ya mwezi alipima uzito. Lo! Kilo mbili zimeongezeka.

Akamwendea jirani yake, muuguzi, amefura kwa hasira. "Dada, nimedanganywa! Nanywa chai ya stivia nipungue, nami naongezeka!"

"Pole, kaka. Hiyo chai unainywaje?"

Fundi alieleza yote, mkate na siagi vikiwemo. Muuguzi akajizuia kucheka.

"Nikuulize jambo la kazi yako. Rangi imemwagika sakafuni. Ukifunga kopo, ile iliyomwagika itajifuta?"

"Thubutu! Lazima uifute."

"Basi kuacha sukari ni kufunga kopo. Stivia haiyeyushi mafuta. Inakusaidia kupunguza sukari tu. Na wewe umefungua kopo jingine, la mkate na siagi! Punguza chakula, utembeze mwili. Ulimi nao uufundishe: hata utamu huo wa stivia upunguze kidogo kidogo."

"Siku ngapi?"

"Miezi, kaka. Haraka haraka haina baraka. Halafu, unatumia dawa ya kisukari au presha?"

"Hapana."

"Vizuri. Anayetumia amuulize daktari kwanza."

Fundi aliona aibu. Hakuna aliyemdanganya. Alijidanganya mwenyewe.

Chai ikarudi vikombe viwili, mkate kipande kimoja. Mboga zikajaza nusu ya sahani. Mkewe naye alikula vivyo hivyo, asimtie mwenzake majaribuni. Kazini akawa anakwenda kwa miguu. Wiki za mwanzo njaa ilimtesa. Alinuna mpaka mkewe akamwita Bwana Mawingu. Lakini hakuacha.

Miezi tisa ikapita. Mizani ikasoma kilo tisini na mbili, yeye pamoja na kopo lake. Msimamizi alisoma karatasi ambayo muuguzi alimwandikia fundi uzito wake, akamtazama fundi juu mpaka chini, kisha akaegemeza ngazi ukutani kwa mikono yake mwenyewe.

"Panda, fundi. Dari inakusubiri."

Fundi alipanda hatua kwa hatua mpaka juu, bila kuhema. Furaha ikamjaa, machozi yakamtoka. Wenzake walipomuuliza kulikoni, akasingizia vumbi la dari.