Shelisheli kwa Mchuzi wa Njugu

Kila Jumamosi asubuhi Valarie alikuwa na kazi yake, kukuna nazi. Aliketi kwenye mbuzi nyuma ya nyumba yao, Mishomoroni, akakuna hadi sinia likajaa. Alikuwa na umri wa miaka kumi na miwili, na kazi hiyo aliijua kuliko hesabu za shuleni.

Lakini Jumamosi hii nazi hazikuwa za wali. Shangazi yake, Gladys, alikuwa akiandaa chakula ambacho mtaa mzima haukuwahi kukiona. Loo, mama huyo alijua kupika! Kwa miaka tisa alimenya vitunguu katika hoteli moja kule Shanzu, na miaka yote hiyo macho yake hayakulala. Kwa mpishi mmoja wa Ghana alijifunza mchuzi wa njugu wenye tangawizi na pilipili. Kisha mgeni mmoja kutoka Samoa, visiwa vya mbali katika Bahari ya Pasifiki, akamweleza jinsi kwao wanavyochoma shelisheli na kulila kwa samaki na tui la nazi.

"Kumbe ni shelisheli letu hili hili!" Shangazi alishangaa. Tangu siku hiyo hakutulia mpaka akaviunganisha vyakula hivyo viwili.

Saa sita mchana mpishi mkuu wa hoteli, Bwana Gershom, angepita hapo nyumbani kuonja kabla ya kuingia zamu. Kama chakula kingempendeza, Shangazi angeachana na vitunguu na kuanza kupika.

"Valarie!"

"Abee, Shangazi."

"Tui la kwanza, lile zito, liweke kando. Kwenye mchuzi tia la pili tu, lile jepesi. Wageni wanalalamika kwamba chakula chetu kinawalemea. Nataka mtu ale, ainuke, aende zake kuogelea. Mimi nakimbia kutafuta ndimu za samaki."

Valarie alitia tui jepesi, akaonja. Ah! Si maji haya? Yeye alizoea kuona mgeni wa heshima akipikiwa kwa tui zito. Je, Bwana Gershom angesema nini? Si angedhani nazi zimewashinda kununua? Basi akalichukua bakuli la tui zito, akalimimina lote, akachochea moto, akaenda kugeuza shelisheli kwenye makaa.

Aliporudi, mchuzi ulikuwa ukitokota kwa fujo. Tui lilikuwa limekatika, mafuta yameelea juu na mabonge yamezama chini. Akakoroga, akakoroga tena, wapi!

Shangazi aliporejea na ndimu zake, alionja mara moja tu. Akaweka mwiko chini, akaketi.

"Nimeupika mchuzi huu mara nne, haujakatika hata siku moja," alisema kwa sauti ndogo. "Leo mkono wangu umeingiwa na nini? Labda wenzangu wanasema kweli, mimi ni wa vitunguu tu. Nipe simu nimwambie Bwana Gershom asijisumbue."

Hakuna aliyemwona Valarie akimimina tui. Angeweza kunyamaza, na mambo yangeishia hapo. Lakini kumwona shangazi yake, mpishi aliyemhusudu kuliko wote, akijidharau kwa kosa lisilo lake! Roho ilimuuma kweli kweli.

"Usipige, Shangazi. Ni mimi. Nililitia lile tui zito lote. Niliona aibu mchuzi ulivyokuwa mwepesi. Nisamehe."

Alijikunja akingoja kugombezwa. Badala yake Shangazi aliruka kutoka kitini.

"Yaani kipimo changu hakikuwa na kosa? Machicha ya nazi umeyatupa?"

"Bado yamo kwenye kifumbu."

"Yalete! Na maji ya vuguvugu. Njugu zimebaki kidogo, twanga, mwanangu, twanga upesi!"

Valarie alitwanga mpaka jasho likamtiririka. Machicha yakakamuliwa mara ya tatu, yakatoa tui jembamba lakini lenye harufu tamu. Safari hii Shangazi hakutoka jikoni, alikoroga taratibu hadi mwisho.

Saa sita Bwana Gershom alifika, akachovya kipande cha shelisheli kwenye mchuzi, akatafuna. Akachukua cha pili. Akaongeza samaki. Alipoinua kichwa, sahani ilikuwa nyeupe.

"Bi Gladys, mapishi haya ulikuwa umeyaficha wapi? Nimeshiba na wala sijalemewa! Jumatatu nisikuone na kisu cha vitunguu. Njoo ushike sufuria."

Mgeni alipoondoka, Shangazi alimvuta Valarie karibu.

"Ule mchuzi wako mzito tutaula sisi na ugali," alimtania, kisha akamtazama usoni. "Sikiliza, mwanangu. Ukiambiwa jepesi, tia jepesi. Lakini mchuzi kuharibika si kitu, tumepika mwingine. Ungenyamaza, mimi ningeishi nikiamini kwamba sijui kupika, na Jumatatu ningerudi kwenye vitunguu. Ukikosea, sema mapema, ili mwenzako asijilaumu kwa kosa ambalo si lake."

"Nimesikia, Shangazi," Valarie alijibu, na machozi yakamtoka.