Wimbo wa Kilio Uliokatizwa

— Juu ya nini umerudi, Mwalimu? Angèle aliuliza bila kuinua uso. Alikuwa akianika chisense, dagaa wa ziwa hili, kwenye mchanga wa Kashikishi.

— Juu yako.

— Uongo kama huo ungenifaa nikiwa musichana.

Shunsuke alisimama pale na viatu vyake vya Osaka vikilowa. Kwao Japani yeye ni kiongozi wa okestra. Akiinua kijiti chake, watu wazima na fidla zao huacha hata kukohoa. Hapa akina mama wauza samaki walimtazama, wakacheka.

— Angèle, ule muchumba wako wa zamani eko na njaa, Felistus, muuzaji wa meza ya jirani, alitania. Mwambie anunue samaki.

Zamani Shunsuke alikuja hapa Nchelenge kujitolea, akafundisha kwaya ya wakimbizi kambini. Angèle, mmoja wa wakimbizi hao, ndiye aliyeanzisha nyimbo. Wakapendana, Shunsuke akapeleka posa. Kabla haijajibiwa, mama yake Angèle akafariki. Kwenye kilio wanawake waliimba huku wakilia, na sauti zikaporomoka. Shunsuke, kwa mazoea ya kazi, akainua mkono, akawanyamazisha, akawapa sauti waanze upya.

Hakuna aliyeanza.

Mjomba Banza, kaka wa marehemu na mwenye kauli juu ya ndoa, akairudisha posa.

— Mutu anasahihisha kilio! Mutoto wangu akifiwa, atalilia wapi mu nyumba yake?

Shunsuke akapanda ndege, akarudi kwao.

— Lakini mimi nilimubembeleza mujomba, Angèle alisema sasa, akigeuza samaki. Nilikuandikia.

Shunsuke aliukumbuka ujumbe ule neno kwa neno: "Mujomba amekubali. Kuja uombe pole, ukae chini na banaume wengine, itaisha. Usikawie."

Na jibu lake pia: "Wiki hii nashindania kiti cha kuongoza okestra. Nikimaliza nitakuja."

— Ulishinda?

— Nilishinda.

— Basi.

Baada ya tamasha moja likaja jingine, na kila mara alijiambia hili ni la mwisho. Watu walimpigia makofi mji baada ya mji, naye akazeeka akiwainamia.

— Bado naweza kwenda kwa mujomba, Shunsuke alisema. Nipige magoti.

— Kwenda. Atakupokea. Lakini mimi niko bibi ya mutu.

Mutu mwenyewe alikuwa akija, mikono imejaa grisi ya injini za boti.

— Ndiye mwalimu wa kwaya? Ackson alicheka, akampa kiwiko amsalimie. Huyu bibi yangu akinikasirikia ananiambia angekuwa anakula wali kule Japani. Kuja, tukule bwali, ugali wetu.

Akatangulia kunawa.

— Ni mutu muzuri, Shunsuke alisema kwa shida.

— Baba yangu alipokufa, huyo alilia kunishinda. Na kuimba hajui hata kidogo.

Shunsuke aliinama.

— Nisamehe, Angèle.

Kwa mara ya kwanza Angèle alimtazama usoni.

— Nilikusamehe zamani, Shunsuke. Kama singekusamehe, mupaka leo ningekuwa nakungojea.